Ngazi Mbele ya Dirisha

Ngazi ilianza kujengwa Jumatatu asubuhi, na kufikia Alhamisi ilikuwa imeliziba dirisha la fundi saa kama kiganja juu ya jicho. Hakuna aliyempa taarifa. Alikuwa ameinama mezani, kioo cha kukuzia kimebanwa kwenye jicho la kulia, akasikia mwiko wa mwashi ukikwaruza nje, akadhani wanaziba nyufa. Alipoinua kichwa matofali yalikuwa yamefika usawa wa dirisha. Siku ya nne mwashi alilipita dirisha lenyewe, akielekea ghorofani, na karakana ikaingia giza saa nne ya asubuhi, jua likiwaka nje kama kawaida yake.

Mtaa mzima ulimwita Dakika. Jina alilipata kwa sababu kila mteja aliyeuliza saa yake itakuwa tayari lini alijibiwa, "Dakika moja tu," na dakika hiyo iliweza kumaliza wiki. Lakini saa iliyotoka mkononi mwake ilikuwa imepona kweli. Alikuwa amepanga vyumba viwili vya chini katika nyumba ile kwa miaka kumi na minne. Cha mbele ndicho karakana, na cha nyuma aliishi na mkewe, mkunga wa zahanati, tangu watoto wao walipooa na kuolewa. Mlango wa karakana ulifungukia ujia wa ndani, kwa hiyo dirisha lile lilikuwa jua lake, hewa yake na kibao chake cha biashara.

Alimwendea msimamizi wa nyumba, mkwe wa mwenye nyumba. Bibi mwenye nyumba mwenyewe alikuwa amehamia mji mwingine, kwenye nyumba ya marehemu dada yake, tangu miguu ilipoanza kumsumbua, na shughuli zote akamwachia mume wa bintiye.

"Wapangaji wapya wa juu wanahitaji njia yao," msimamizi alisema, akifuta vumbi kwenye kioo cha gari lake uani. "Washa taa."

"Taa ninayo. Lakini kazi yangu si ya taa. Nikiwasha, kivuli cha mkono wangu kinalalia kile ninachokitengeneza. Halafu dirisha halifunguki. Chumba kitaoza."

"Basi kama giza linakukera, hama. Nyumba ziko nyingi."

Dakika akarudi zake. Alijaribu kweli kufanya kazi kwa taa. Wiki ya pili, skrubu ndogo kuliko punje ya mtama ilimponyoka kwenye kibano. Aliitafuta kwa magoti mchana kutwa, akaikuta jioni imenasa kwenye soksi yake. Macho yalimtoka machozi, kichwa kikamgonga. Wateja walipita mtaani, hawakuona dirisha, wakadhani amefunga. Na kwenye pembe ya dari ukungu ulianza kuota, kijani, unanuka kama kitambaa kilichosahauliwa kwenye ndoo.

"Nampeleka mahakamani," alimwambia mkewe.

Mkunga alikuwa ametoka zamu, amekaa ukingoni mwa kitanda akivua viatu. "Moja kwa moja?"

"Sasa nizunguke wapi? Ngoja ngoja huumiza matumbo."

"Mimi nauliza tu," mkewe alisema. "Mama akija na uchungu hatumkimbizi kwenye kisu. Tunapima, tunasikiliza, tunampa muda. Kisu kipo, lakini kina zamu yake."

"Huyu hana uchungu, mimi ndiye ninao," Dakika alijibu, na mkewe akacheka, akamwachia.

Akafungua shauri. Kwa kuwa mkataba ulikuwa wa bibi, karani wa mahakama aliandika jina la bibi kama mshtakiwa, na Dakika hakulifikiria hilo mara mbili. Alisubiri wiki sita. Siku yenyewe alivaa koti la harusi ya mwanawe, akafika mlango wa mahakama kabla ya mfagiaji.

Kesi yake haikuchukua hata muda wa kuchemsha chai. Wakili aliyetumwa na msimamizi alisimama, kijana mwenye sauti ya upole, akasema ana pingamizi la awali. Sheria ya nyumba za kupanga, alisema, inataka mgogoro wowote kati ya mpangaji na mwenye nyumba uanzie kwenye Baraza la Nyumba. Mlalamikaji hakwenda huko. Hivyo mahakama haiwezi kumsikiliza.

Hakimu alikuwa mwanamke wa makamo, mwenye uso wa mtu aliyesikia mengi na hajachoka. Alimtazama Dakika juu ya miwani.

"Fundi, ulikwenda kwenye Baraza?"

"Mheshimiwa, dirisha limezibwa. Kila mtu analiona. Niende barazani kufanya nini?"

"Sijakataa kwamba limezibwa. Wala sijasema huna haki. Ninachosema ni kwamba umegonga mlango wa mwisho kabla ya ule wa kwanza. Bunge limeweka utaratibu, na mimi siwezi kuuruka kwa sababu tu nakuonea huruma. Shauri naliondoa. Nenda kwenye Baraza. Usiporidhika na uamuzi wao, mlango huu utaukuta wazi."

Dakika alitoka nje, masikio yanawaka. Alikaa kwenye ngazi za mahakama, koti la harusi likimbana kwapani. Wiki sita! Kwake ilikuwa danadana tupu. Mnyonge anapigwa teke kutoka ofisi moja hadi nyingine mpaka achoke, na akichoka, wenye nguvu wanasema amekubali. Aliapa moyoni kwamba hatakwenda. Kesho yake asubuhi aliwasha taa, akakaa mezani, akautazama ukungu darini kwa nusu saa, kisha akavaa viatu.

Baraza la Nyumba lilikuwa ghorofa ya kwanza, juu ya duka la vifaa vya umeme, chumba kimoja chenye makabati ya chuma na feni iliyokuwa ikigeuka upande mmoja tu. Katibu wa Baraza, mama mnene mwenye kalamu mbili zimechomekwa kwenye kilemba, alisoma karatasi zake zote bila kuruka hata mstari. Dakika hakukumbuka ofisi nyingine iliyowahi kumfanyia hivyo.

"Umemwandikia mwenye nyumba?" katibu aliuliza.

"Nimemwambia msimamizi mara kumi."

"Sikuulizi msimamizi. Mkataba una saini ya nani?"

"Ya bibi."

"Na bibi anajua?"

Dakika hakujua kama bibi anajua. Tangu ngazi ianze, hakuwa amemtafuta hata siku moja.

Katibu alimweleza kwa vidole. Kwanza barua kwa mwenye nyumba mwenyewe, mkononi mwake, atie saini kwamba ameipokea. Ana siku kumi na nne za kujibu. Asipojibu, au jibu lisiporidhisha, ndipo Dakika arudi kujaza fomu. Baraza litawaita wote wawili kwa usuluhishi. Ukishindikana, wajumbe watasikiliza na kuamua. Asiyeridhika na uamuzi ndiye aende kwa hakimu.

"Ni mbali," Dakika alisema.

"Ni mbali," katibu alikubali. "Sitakudanganya, fundi. Wengi wanaoanza na barua siwaoni tena. Wengine wamekata tamaa. Lakini wengine siwaoni kwa sababu barua imetosha."

Barua ile waliiandika mume na mke kwenye meza ya saa, chini ya taa. Rasimu ya kwanza ya Dakika ilijaa moto. Mkunga aliisoma, kalamu nyekundu mkononi.

"Hapa umesema mkwe wake ni mwizi."

"Ameiba mwanga wangu!"

"Andika ngazi imeziba dirisha. Hapa umesema ni nduli. Toa. Hapa umesema Mungu atamlipa. Hilo si la Baraza. Mwambie unataka nini."

"Nataka abomoe."

"Unataka abomoe, au unataka kuona?"

Dakika alivuta karatasi nyingine. Mwishowe barua ikawa nusu ukurasa: tarehe ngazi ilipoanza, ukubwa wa dirisha, hali ya chumba, na ombi la kurudishiwa mwanga na hewa kama vilivyokuwa wakati wa kupanga. Ombi la kubomoa alilibakiza. Alikuwa bado na donge.

Jumamosi alisafiri kuipeleka. Bibi mwenye nyumba alimpokea sebuleni, mguu mmoja umewekwa juu ya kigoda, fimbo ubavuni. Alikuwa amezeeka tangu walipoonana mara ya mwisho, lakini macho yalikuwa yaleyale, makali kama ya mpima vitambaa. Hakumkaribisha chai. Alisoma barua mara mbili.

"Ngazi ninaijua," alisema hatimaye. "Niliitolea ruhusa mwenyewe. Ya upande wa uani."

"Iko upande wa barabarani, Bibi. Mbele ya dirisha langu."

Bibi alimtazama kama anayepima uzito wa neno. Kisha akachukua kalamu akasaini.

"Siku kumi na nne ni zangu?"

"Ni zako, Bibi."

"Basi niachie nizitumie."

Siku zikahesabika. Ya tano, kimya. Ya kumi, kimya. Ya kumi na nne Dakika alishinda mlangoni akimngoja mtu wa posta, ambaye alipita na baiskeli yake akampungia mkono. "Umeona?" alimwambia mkewe, na sauti yake haikuwa ya hasira tena, ilikuwa ya mtu aliyechoka. Mkunga alimshika bega. "Hatua ya kwanza imekwisha. Iandike kwamba imekwisha. Twende ya pili."

Akarudi ghorofani kwa katibu, akajaza fomu, na Baraza likapanga tarehe.

Siku ya usuluhishi bibi alikuja mwenyewe. Alipanda ngazi za Baraza kidato kimoja kimoja, fimbo mkono huu, mkono wa mkwe wake upande ule, na kila mtu chumbani akasimama mpaka alipokaa. Yule wakili mpole alikuwepo pia. Katibu akamwambia kwa adabu kwamba katika usuluhishi wenye shida ndio wanaozungumza, basi wakili akavuta kiti akakaa nyuma, akionekana kushukuru. Wajumbe walikuwa wawili, mwalimu mstaafu na mwashi mzee mwenye vidole vilivyopasuka kwa saruji.

"Bibi," katibu alisema, "ulipokea barua. Hukujibu. Tunaweza kujua kwa nini?"

"Nilikusudia kujibu," bibi alisema. "Nikauliza kwanza. Nikaambiwa huyu fundi ni mtu wa fujo, ameshanishtaki mahakamani. Nikasema si kweli. Nikaletewa karatasi." Aligeuka kumkabili Dakika. "Jina langu. Mshtakiwa. Miaka kumi na minne, fundi. Mume wangu alipofariki wewe na mkeo mlilala kwangu siku tatu. Leo nimekukosea nini hata unipeleke kwa hakimu kabla ya kunibishia hodi?"

Feni iligeuka upande wake mmoja. Dakika alihisi uso unamwaka. Miezi yote hii alijiona yeye ndiye aliyekanyagwa. Hakuwahi kuwaza kwamba karatasi ile ilikwenda mahali, ikafunguliwa na mikono ya bibi kizee aliyekaa peke yake na mguu juu ya kigoda.

"Nimekosa, Bibi," alisema. "Hasira zilikuwa za mtu mwingine, nikazimwaga mlangoni kwako. Ningekuja kwanza. Naomba unisamehe."

Bibi alifuta pua kwa leso. "Haya," alisema. "Sasa hilo dirisha."

Msimamizi akaanza kueleza: ngazi ilifuata ramani, chumba kina mwanga wa kutosha, fundi anakuza mambo. Mwashi mzee alimsikiliza, kisha akainuka na kupangusa suruali.

"Mimi maneno siyaoni," alisema. "Naona kuta. Nyumba iko mtaa wa pili tu. Twendeni."

Wakaenda wote, pole pole kwa mwendo wa bibi, wakili akibeba mkoba wa katibu. Karakanani waliingia wakabanana. Katibu akaomba taa izimwe. Giza likawafunika, saa tano ya mchana. Ilisikika milio ya saa tu ukutani, na juu yao nyayo za watoto wa wapangaji wapya wakishuka ngazi mbio.

Bibi alinyoosha mkono akaugusa ukuta. "Unatoa jasho," alisema. Halafu kwa mkwe wake, taratibu: "Uliniambia ngazi iko uani."

"Uani kuna gari, mama. Tungejenga huko ningeliegesha wapi?"

Mwalimu mstaafu alikohoa. Wakili alitazama viatu vyake.

"Gari," bibi alisema. "Gari linalala penye hewa, na mtu anafanya kazi pangoni."

Msimamizi alitazama chini, akafuta jasho, na kwa mara ya kwanza Dakika aliona kwamba naye ni mtoto wa mtu, anayemwogopa mama mkwe wake kama wakwe wote.

Katibu aliwasha taa akafungua daftari. "Fundi, fomu yako inasema ngazi ibomolewe."

Hapo ndipo ilipokuwa nafasi yake. Miezi yote alikuwa amelala na kuamka na neno hilo. Lakini juu zile nyayo zilikuwa zimeanza tena, sasa zikipanda, na sauti ya mtoto ikihesabu vidato kwa wimbo, akikosea saba. Ngazi ile haikuwa na mbadala. Ikibomolewa leo, wale watoto watashukaje?

"Ninataka kuona," Dakika alisema. "Kuona na kupumua. Njia ya kufika huko sijali sana."

Mwashi mzee alikuwa ameshaanza kugonga ukuta wa pili, wa upande wa mashariki, ule uliotazamana na ua. Alisikiliza kwa sikio lake kama mganga anayesikiliza kifua. "Huu haubebi dari," alisema. "Hapa linaingia dirisha kubwa kuliko lile. Jua la asubuhi lote lako. Ila gari likisimama nje tumerudi kulekule."

"Gari litahama," bibi alisema kabla mkwe hajafumbua mdomo.

Waliandika pale pale, juu ya meza ya saa. Dirisha la ukuta wa mashariki, upana na urefu wake, ndani ya siku thelathini, kazi na gharama juu ya mwenye nyumba. Ukungu ukwanguliwe, ukuta upakwe upya. Asiegeshe mtu chombo chochote mbele ya dirisha hilo. Kibao cha fundi kiwekwe nje chini ya ngazi. Wote wakatia saini, na katibu akapiga muhuri.

"Na wasipotekeleza?" Dakika aliuliza, kwa sababu alikuwa ameshang'atwa mara moja.

"Mapatano yaliyosajiliwa na Baraza yana nguvu kama uamuzi," katibu alisema. "Wasipotekeleza, nenda kwa yule hakimu. Safari hii hakuna wa kukurudisha."

Siku ishirini za kwanza hakuonekana hata tofali. Gari lilibaki uani, likimeta. Dakika alianza kutazama ile karatasi yenye muhuri kila asubuhi, na mkewe akaanza kumtazama yeye. Siku ya ishirini na tatu walisikia ubishi uani. Bibi alikuwa amekuja na mwashi wa kukodi, amekalishwa kwenye kiti katikati ya ua, fimbo magotini, na msimamizi alikuwa akirudisha gari nyuma kuelekea barabarani kwa uso wa mtu aliyemeza shubiri. Bibi hakuondoka kwenye kiti kile siku mbili nzima. Mkunga alimletea maji, akamkanda mguu, wakapiga soga za wajukuu wakati nyundo zikilia.

Tofali la kwanza lilipotoka, mshale wa jua uliingia karakanani ukapiga ukuta wa mkabala, umejaa vumbi. Dakika alikuwa amesimama ndani. Alijikuta amenyoosha mkono ndani ya mshale ule na kuugeuza, kiganja juu, kiganja chini, kama mtu anayeosha mikono.

Meza aliihamisha mara tatu kabla ya kuridhika. Mwanga sasa ulimjia kutoka kushoto, na kivuli cha mkono wake wa kulia kikaanguka pembeni, mbali na kazi. Kwenye dirisha la zamani haikuwa hivyo. Miaka kumi na minne alikuwa amejikunja upande bila kujua.

Mama mpangaji wa ghorofani alishuka siku moja, mtoto mgongoni, akasimama mlangoni. Bomba la juu lilikuwa linavuja, msimamizi hamsikii, na shemeji yake amemshauri aende mahakamani kesho asubuhi.

Dakika aliweka kibano chini. Alimwonyesha kiti.

"Mkataba wako," alisema, "una saini ya nani?"

Akatafuta karatasi safi kwenye droo, akaisogeza penye mwanga, na wakaanza kuandika barua.